Tandiko: kilicho chini ya malimwengu yote

Hotuba kwa vijana waandishi wa hadithi, Kigoma Mjini

Ndugu mwenyekiti, walimu, wazee wetu mliopanda gari kutoka Ujiji kwa ajili ya shughuli hii, vijana wenzangu wa kalamu: asalaam aleikum. Bwana Yesu asifiwe. Itifaki nyingine naomba ihesabike imezingatiwa, maana muda niliopewa ni mfupi na jambo lenyewe ni refu.

Nimeombwa nizungumzie Tandiko. Kwa wale ambao hawajasoma hadithi zangu, na najua ni wengi, wala sina kinyongo nao, nitaeleza kwa kifupi. Nimetunga malimwengu mengi yanayokaa pamoja. Kila moja lina Kigoma yake. Katika moja, reli haikufika huku. Iliishia Tabora, na mpaka leo watu wanashuka huko na mizigo kichwani. Katika jingine Ujiji ndiyo jiji lenye maghorofa, na hapa tulipo ni kijiji cha wavuvi. Chini ya hayo yote kuna tabaka moja ambalo yote yamelilalia. Hilo ndilo Tandiko. Halipo popote, nimelibuni mimi, na nalisema hili mapema kwa sababu kuna mzee aliwahi kunifuata nje ya ukumbi akitaka nimwoneshe limeandikwa katika kitabu gani.

Nina neno moja tu la kuwaambia leo: ukitaka kubuni kitu kilicho chini ya uhalisia wote, anza na kile kisichoweza kufanya. Uwezo wake utakuja baadaye, tena mdogo.

Nasema hivi kwa sababu ya madaftari mnayoniletea. Nayasoma, msidhani nayaweka tu. Wengi wenu mna tabaka la chini, na kwa wengi wenu tabaka hilo lina mfalme. Mfalme ana kiti, ana sauti ya radi, anaweza kufuta ulimwengu kwa kupepesa jicho. Ikifika sura ya tatu anatokea wa chini zaidi, ambaye yeye anaweza kumfuta huyo wa kwanza. Sura ya tano anakuja wa chini ya huyo. Nawaona kijiweni pale Mwanga mkibishana nani anamshinda nani mpaka kahawa inapoa. Ubishi mtamu, sikatai. Lakini hadithi imeshakufa. Mtu anayeweza kila kitu hana la kufanya, na msomaji hana la kuhofia, kwa sababu anajua ukurasa unaofuata utamleta mkubwa mwingine.

Basi mimi nililitoa wapi la kwangu? Nililitoa hapo chini, mteremko wa dakika chache kutoka ukumbi huu.

Ziwa Tanganyika lina kina cha mita 1,470 pale linapozidi, upande wa kusini. Hata huku kwetu kaskazini kuna mahali panapita mita 1,300. Uso wake uko mita 770 hivi juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo sakafu yake iko karibu mita 700 chini ya bahari ile ya Dar es Salaam. Duniani linazidiwa kina na ziwa moja tu, Baikal la Urusi. Hayo mmefundishwa shuleni, mkajibu mtihani, mkasahau. Ninalotaka mlishike ni hili: samaki wote mnaowajua, dagaa, migebuka, kuhe, wanaishi katika maji ya juu tu. Ukishuka mita 100 hivi upande wa kaskazini, au karibu 200 upande wa kusini, oksijeni inakwisha. Kutoka hapo hadi kwenye tope ni zaidi ya kilomita moja ya maji, giza tupu, yenye gesi inayonuka kama yai viza, na hakuna samaki hata mmoja anayeweza kuishi humo. Sehemu kubwa ya ziwa letu, kwa samaki, ni kama haipo.

Na bado ndiyo inayowalisha. Kila kinachokufa juu kinazama. Virutubisho vinarundikana kule chini, na maji ya chini hayachangamani ovyo na ya juu. Yale ya juu ni ya uvuguvugu na mepesi, yanaelea juu ya yale ya baridi. Kisha unakuja msimu wa kiangazi. Kuanzia Mei hadi Septemba upepo wa kusini-mashariki unayasukuma maji ya juu kuja huku kaskazini, na kule kusini, upande wa Mpulungu nchini Zambia, yale ya baridi yanapata nafasi ya kupanda na virutubisho vyake. Upepo ukilegea, maji hayatulii papo hapo. Yanayumba kwa ndani, mawimbi makubwa ambayo ukisimama ufukweni huyaoni, yanakwenda na kurudi kwa majuma kadhaa. Viumbe wadogo wa majini wanapata chakula, dagaa wanawala hao, migebuka wanawala dagaa, na sisi tunawala wote. Mwaka 2024 Serikali ilipofunga uvuvi ziwani kuanzia katikati ya Mei hadi katikati ya Agosti, watu walilalamika, na njaa ya mvuvi si jambo la kubeza. Lakini tazameni ile miezi yenyewe. Ndiyo ya upepo.

Kuna mambo mawili humo ambayo mwandishi anapaswa kuyapora. La kwanza, kinachotulisha hakiwezi kuishi nasi, wala sisi hatuwezi kuishi nacho. La pili, chanzo kiko mbali na matokeo, na kati yake kuna kuchelewa. Upepo unavuma leo, maji yanapanda kusini, na mtu wa hapa kwetu Kibirizi anaona tofauti wakati ameshasahau kwamba kulikuwa na upepo. Hicho kuchelewa ndicho kinachonipa visa.

Sasa Tandiko limeundwa na nini? Hapa nilikutana na mtu mmoja njiani. Mwaka 1957 kijana wa Kimarekani aitwaye Hugh Everett aliandika tasnifu ya udaktari wa fizikia katika Chuo Kikuu cha Princeton. Kwa maneno yetu, alisema kwamba chembe ndogo inapokuwa na matokeo kadhaa yanayowezekana, haichagui moja. Yote yanatokea, kila moja katika tawi lake, na mpimaji naye anagawanyika pamoja nayo. Wanafizikia walimpuuza kwa miaka mingi, na yeye mwenyewe hakubaki chuoni. Leo wapo wanaomkubali na wapo wanaomkataa, na mimi si mwamuzi wao. Kwa hadithi, hata hivyo, nina ugomvi naye. Kama kila kinachowezekana kinatukia mahali fulani, basi hakuna cha kusikitikia. Hukumwoa uliyempenda? Umemwoa, tawi la pili. Mtoto alizama? Aliokoka, tawi la tatu. Mwandishi hapati mlo hapo.

Kwa hiyo malimwengu yangu ni mengi, lakini si yote. Yanayowezekana ni mengi kuliko malimwengu ya kuyabeba. Lile lisilopata ulimwengu wa kulibeba linazama. Safari iliyoahirishwa na isifanyike tena. Barua iliyoandikwa ikachanwa. Jina alilochaguliwa mtoto, na mimba ikaharibika. Hivyo nimeviita visivyotukia, na Tandiko lote ni visivyotukia vilivyolaliana. Havioshwi wala havichakai, kwa sababu huko hakuna muda, na bila muda kitu hakiwezi kuoza. Kwa sababu hiyo hiyo hakuna anayefikiri huko, hakuna anayetaka kitu, hakuna anayepanga njama. Tandiko halijui kama mimi na wewe tupo. Mfalme wenu huyo akishushwa huko hatapata hata nafasi ya kukasirika.

Mnaweza kuuliza, kitu kisichojua wala kutaka kitaingiaje kwenye hadithi? Nitawasomea kwa ufupi kisa cha mama wa Kibirizi, maana nikieleza kwa nadharia mtasinzia.

Mama huyu ni muuza dagaa. Alfajiri ananunua kwa wavuvi wanaorudi, anaanika kwenye chanja, na jioni anapanga mafungu juu ya turubai. Siku hiyo amepanga safu nne, kila safu mafungu matano. Anainama kufunga kitenge vizuri, akiinuka safu ya mwisho ina mafungu sita. Anadhani amekosea. Anahesabu tena kwa kidole. Dagaa ni wale wale, macho meupe, migongo imejikunja kwa jua. Ila inzi wanatua kwenye mafungu yote, na hilo moja wanalizunguka. Analichukua fungu, analinusa, halina harufu yoyote. Sasa huyu ni mfanyabiashara, hawezi kutupa fungu kwa sababu halinuki. Kwa wateja wengine hiyo ni sifa. Analiuza. Anapewa hela halali, anatoa chenji.

Fungu lile linatokana na mtumbwi ambao ungetoka usiku wa jana na watu sita, mashine ikagoma kuwaka, wakarudi kulala. Hawakuvua. Dagaa ambao wangevuliwa wakazama kwenye Tandiko, na kwa sababu ambayo mama hawezi kuijua, kitu kilichofanyika katika ulimwengu mwingine miezi mitatu nyuma, fungu moja likapanda pale kwenye turubai lake.

Jioni ile ile wifi yake anakuja na maongezi ya harusi ya Tabora. Anakumbusha walivyobanana kwenye behewa la daraja la tatu, walivyonunua asali wakifika, na namna mama mwenyewe alivyocheza mpaka kiatu kikakatika. Mama anamtazama. Hajawahi kufika Tabora maishani mwake. Wifi anacheka, anadhani ni utani, anatoa simu amwoneshe picha. Picha ipo. Wanawake wa upande wa bwana harusi wamesimama kwa safu, wamevaa sare, na kati ya wifi na bibi harusi kuna nafasi ya mtu mmoja ambayo hakuna aliyeisogelea kuijaza.

Hiyo ndiyo sheria ya Tandiko, na sina nyingine kubwa kuliko hiyo: kikipanda kimoja, kinazama kimoja. Kisichotukia kikija juu na mtu akakipokea, basi kitu kilichotukia katika maisha ya mpokeaji kinageuka kuwa kisichotukia. Baada ya kisa hicho kutoka nililetewa malalamiko mawili, na yote mawili yalikuwa ya haki. La kwanza, kwa nini wifi anakumbuka? Kwa sababu safari ya wifi ilitukia na haijazama. Deni ni la mama peke yake. La pili lilikuwa kali zaidi: fungu la dagaa na safari ya Tabora vinalinganaje? Ni wizi! Hapo ilibidi nikae nitafute mizani, na nikaipata. Tandiko halijui bei za watu. Linajua idadi tu. Uvuvi ule ungegusa watu sita, na kwenda kwa mama harusini kuligusa watu sita. Msomaji akitaka kuhesabu, kisa chenyewe kinamruhusu, nimewataja wote.

Naomba mwone faida ya sheria yenye kipimo. Tangu nilipoiweka, sijawahi kutafuta adui. Kila mtu anayetaka kitu kipande ni adui wa kutosha, na mara nyingi ni mtu mwema.

Na mtu anakipandishaje kwa makusudi? Hapa tena niliwaibia wavuvi. Mnajua dagaa mchana wanashuka chini na usiku wanapanda kufuata chakula, na mvuvi anawasha taa kuwakusanya. Zamani ilikuwa karabai, siku hizi taa za sola. Mnajua pia kwamba siku za mbalamwezi mitumbwi mingi inapumzika, kwa sababu nuru ikiwa imetapakaa ziwa zima, dagaa hawana sababu ya kukusanyika kwenye taa yako. Katika hadithi, taa ni majuto. Mtu anayejuta jambo moja, usiku baada ya usiku, jambo lile lile, anawasha taa juu ya Tandiko, na visivyotukia vinavyofanana na jambo hilo vinasogea. Lakini msibani havipandi. Watu wangedhani matanga ndiyo saa ya hatari, wote wanajuta: ningempeleka hospitali mapema, ningempigia simu Jumapili. Ndiyo maana havipandi. Majuto yametapakaa nyumba nzima, hakuna taa moja. Hatari inaanza watu wakishaondoka, maturubai yameshushwa, viti vya kukodi vimerudishwa, na amebaki mmoja ambaye hajamaliza.

Hicho kisa cha mbalamwezi ninakipenda kuliko vyote nilivyoandika. Kisingekuja kama ningekaa nikafikiria malimwengu kwa ujumla.

Lipo jambo jingine la hapa hapa. Meli ya Liemba mnaijua, wengine mmezaliwa na wazazi waliosafiri nayo. Iliundwa Ujerumani mwaka 1913, ikaletwa vipande vipande, ikaungwa hapa Kigoma, ikaitwa Graf von Götzen. Mwaka 1916 Wajerumani walipoona wanaondoka, waliizamisha wenyewe, lakini kabla ya kuizamisha wakaipaka mitambo grisi nene. Waingereza waliiibua mwaka 1924 na mwaka 1927 ikaanza kazi kwa jina lake la sasa. Nilipoisoma ile habari ya grisi nilisimamisha hadithi niliyokuwa naandika. Mtu anazamisha kitu huku akikiandalia kurudi! Nikajiuliza, je, mhusika wangu anaweza kuzamisha tukio makusudi, akalipaka kitu lisiharibike, akalichukua baadaye? Kwenye Tandiko hakuna kuoza, kwa hiyo grisi haina kazi ya kuzuia kutu. Tatizo la huko ni kutambua. Visivyotukia ni vingi mno na vinafanana. Basi grisi ya mhusika wangu ni kusimulia. Kabla hajaamua kutokwenda, anamkalisha mdogo wake chini, anamsimulia safari nzima kana kwamba ameshaifanya, na vumbi, na jina la konda, na bei ya ndizi njiani. Kisha haendi. Safari inazama ikiwa na alama yake. Miaka mingi baadaye mdogo mtu ndiye anayejua atafute nini.

Nihame kidogo. Mwalimu mmoja hapa mbele ameandika kwenye karatasi: kama Tandiko haligusiki wala halionekani, lina tofauti gani na kutokuwepo? Swali zuri, na wanasayansi walishalipitia. Karne ya 19 waliamini kwamba mwanga unasafiri ndani ya kitu kilichojaa kila mahali, wakakiita etha. Kilikuwa ndilo tandiko lao: chini ya kila kitu, hakionekani, hakinusiki. Mwaka 1887 Albert Michelson na Edward Morley, huko Marekani, walipima kwa chombo makini sana kama mwendo wa dunia ndani ya etha unabadilisha kasi ya mwanga. Hawakuona badiliko walilolitarajia. Mwaka 1905 Einstein akaonesha kwamba hesabu zinakwenda vizuri bila etha, na polepole ikaondolewa mezani. Hakuna aliyeithibitisha kuwa haipo kwa kuishika ikakosekana. Ilikosa kazi. Msomaji wako atalifanyia hivyo hivyo tabaka lako. Ukisema kuna kitu chini ya malimwengu, halafu hakiachi alama hata kwenye turubai la muuza dagaa, atalikunja na kuliweka pembeni, na hadithi itaendelea vile vile. Kwa hiyo mwalimu, tofauti ni lile fungu la sita.

Suala la dini nitalisema kwa uwazi, kwa kuwa tuko Kigoma na najua kuna walioingia humu wakiwa na wasiwasi. Tandiko si Mungu. Si kiti cha enzi, si ahera, si barzakh, na marehemu hawapo huko, waliokufa walitukia. Katika hadithi zangu watu wanakwenda msikitini na kanisani kama kawaida, na sheikh wa Ujiji na paroko wa Mwanga wote wanaamini kwamba Tandiko, kama lipo, limeumbwa. Wanapingana kwenye mambo mengine. Kufikiria malimwengu mengi nako si uzushi wa juzi. Fakhruddin ar-Razi, mwanachuoni mkubwa wa karne ya 12, aliwapinga wanafalsafa waliodai kwamba ulimwengu hauwezi kuwa zaidi ya mmoja, akasema Mwenyezi Mungu ana uwezo wa kuumba elfu ya maelfu ya malimwengu mbali na huu. Alisema ana uwezo, hakusema ameumba. Mtunzi anajengea nyumba yake kwenye hiyo nafasi.

Wala kwa Kiswahili si jambo geni. Shaaban Robert aliiweka Kusadikika angani, nchi inayoelea, akatuma wajumbe pande sita, mmoja wao chini ardhini, na kila aliyerudi na habari njema alitiwa kifungoni. Mtu asiwaambie kwamba hizi ni hadithi za kizungu mnaziiga. Mnaziiga mkiweka majumba ya barafu. Kigoma hii, barafu iko kwenye deli la soda.

Niende kwenye hatari kubwa ya hadithi, kisha nimalizie. Mwaka 2003 watafiti walichapisha vipimo vya ziwa letu vilivyoonesha kwamba maji ya juu yanazidi kupata joto, na joto hilo linazidisha tofauti kati ya maji ya juu na ya chini. Yanachangamana kidogo kuliko zamani. Virutubisho vinabaki chini. Walikadiria kwamba uzalishaji wa chakula cha msingi cha ziwa ulikuwa umepungua kwa asilimia 20 hivi. Hakuna aliyelitia ziwa sumu, limetulia tu.

Hapo nikaona hatari ya malimwengu yangu. Kinachoyafanya yatofautiane, hii Kigoma iwe na reli na ile isiwe nayo, ni hivyo visivyotukia vinavyopanda vikivuruga. Sasa tuseme watu wa malimwengu wamelijua Tandiko na wameliogopa, kwa sababu ya madeni yake. Wanaacha kujuta. Wanafundishwa tangu shule ya awali: lililopita limepita, usitazame nyuma. Taa zinazimika moja moja. Hakuna mama anayepoteza safari yake ya Tabora, na watu wanashangilia. Kisha, polepole, malimwengu yanaanza kufanana. Wavuvi wa Kigoma zote wanatoka saa moja. Watoto wanaozaliwa wanapewa majina yale yale. Nyimbo za harusi zinabaki tatu. Hakuna mvamizi wa kupigana naye. Mhusika anayelitambua jambo hili ni bibi wa Katonga ambaye hana elimu ya kitu chochote isipokuwa kujuta, na kazi yake inakuwa kuwafundisha watu kujuta vizuri, jambo moja kwa wakati, kwa kipimo, wakijua gharama. Wanafunzi wake hawamshukuru. Wawili wanamshitaki.

Limebaki swali ambalo vijana watatu wameliuliza kwa maneno tofauti: chini ya Tandiko kuna nini?

Jibu jepesi ni kusema kuna tabaka jingine, halafu jingine. Wanachuoni wa ilmul-kalam, yaani teolojia ya Kiislamu, walilijua tatizo hilo na wakalikataa, mnyororo usio na mwisho, tasalsul. Kitu hakiwezi kuegemea kingine kinachoegemea kingine bila kufika popote. Nami nalikataa kwa sababu za kazi: ni yule mfalme wa sura ya tano amerudi kwa mlango wa nyuma. Kwa hiyo Tandiko lina sakafu, na kwenye sakafu kuna tope. Ziwa letu chini lina mashapo yaliyorundikana kwa mamilioni ya miaka, mahali pengine unene wake unapita kilomita nne, na watafiti wanachoma humo mabomba, wanatoa udongo kwa tabaka zake na kusoma hali ya hewa ya kale, lini palikuwa na mvua, lini na ukame. Tope la Tandiko ni visivyotukia ambavyo hakuna tena aliye hai wa kuvijutia. Waliokuwa na taa zao wamekwisha. Havipandi hata upepo uvume namna gani. Vimegandamana kurasa kwa kurasa, na vinaweza kusomwa tu, kama kuna mwenye bomba la kufika huko.

Katika hadithi ninayoiandika sasa kuna binti wa Gungu anayetaka kulisoma lile tope. Bibi yake alifariki bila kumwambia mtu kwa nini hakuolewa na mtu fulani wa Malagarasi, na yule mtu naye amekufa, na jambo hilo sasa limeshukia huko. Binti hawezi kulipandisha. Hahitaji lipande, anataka kujua tu. Kinachonikwamisha ni bomba. Majuto hayafai, kwa sababu si jambo lake la kujutia. Nimejaribu udadisi, ukawa mwepesi mno, ukaelea. Nimejaribu mapenzi, msomaji wangu wa kwanza akanirudishia kurasa na kuniambia nimechoka. Mwenye wazo aje nalo wakati wa chai, soda nitalipa mimi. Mwenyekiti, karibuni kwa maswali, na la nani anamshinda nani sitalijibu.